Magurudumu Manne ya Bwana Maganga

Wanangu wa karakana, siku mliponiaga mlinipa saa ya ukutani, wakati sina tena mahali pa kuwahi. Nashukuru hata hivyo, inapiga vizuri. Mliniomba pia niandike niliyoyaona kazini tangu tulipopata Uhuru, na mmoja wenu akasema nianze na vyeo. Vyeo sitaandika. Kila nilipopandishwa niliongezewa funguo za stoo na kupunguziwa usingizi, basi. Nitaandika habari za magurudumu, maana ndiyo niliyoyajua, na nitaandika ile siku gari la mkubwa lilipobaki juu ya mawe mchana kweupe, kwa sababu nasikia mnaisimulia vibaya na kila mmoja anatia chumvi yake.

Nilipoingia karakana nilikuwa tayari mtu mzima, fundi baiskeli wa sokoni Tabora, mwenye wateja wangu na majivuno yangu. Nilijua gurudumu ni duara, lina tundu katikati, linazunguka. Nikakabidhiwa kwa Mzee Mrisho, Mnyamwezi wa Chemchem, mkuu wa kona ya matairi, mtu mwembamba aliyevaa kofia ya viua hata akiwa chini ya gari. Asubuhi ile alinionyesha Landrova iliyopandishwa jeki, haina gurudumu la mbele kushoto, akanionyesha na lundo la magurudumu ukutani. Akaniambia nichague moja nifunge, kisha akaenda kukaa na kahawa yake.

Nikahesabu matundu ya nati. Matano kwenye gari, matano kwenye gurudumu. Likaingia bila ubishi, nikashusha jeki huku nikijiuliza kwa nini watu hawa wanaitwa mafundi. Mzee Mrisho akaniambia nizungushe gari uani. Kukata kulia, safi. Kukata kushoto, tairi likashika springi, likalia, usukani ukagoma. Nikabaki pale katikati ya uwanja, karakana nzima inanitazama. Mzee akameza funda lake la kahawa, akauliza:

“Kwako ni upande gani?”

“Kulia, mzee.”

“Basi una bahati. Utafika.”

Nilimchukia siku nzima, na kesho yake nikaanza kumpenda. Alinifundisha kwamba matundu kulingana ni salamu tu, mazungumzo bado. Alichukua ufito wa mwanzi, akaulaza juu ya mgongo wa rimu, akapima kwa vidole kutoka kwenye ufito kwenda chini mpaka pale rimu inapokutana na ekseli. Hicho ndicho kina chake. Rimu mbili zinaweza kuwa na matundu yale yale, moja ikaliweka tairi nje na nyingine ikalivuta ndani mpaka likakumbatiana na springi. Kisha tundu la katikati, likae kwenye kitovu cha ekseli bila kuchezacheza. Kisha upana: tairi nene juu ya rimu nyembamba huvimba tumbo na kulika katikati, na tairi jembamba juu ya rimu pana hubana tyubu mpaka ipasuke. Namba isomwe kwenye tairi lenyewe. Mwenye gari asisikilizwe, kwa sababu mwenye gari husema anachotamani.

Zana zake zilikuwa za kuchekesha, na nyinyi mliozaliwa juzi mlizicheka kweli. Chaki, ufito, na kamba ya katani. Ukishafunga gurudumu unapaka chaki ubavu wa ndani wa tairi, unaingia ndani ya gari, unapinda usukani mpaka mwisho kushoto, mpaka mwisho kulia, unashuka unatazama. Chaki ikihamia kwenye springi, fungua, umekosea. Kamba ilikuwa ya kuzungushia tairi lililojaa upepo, ili ujue kama mawili ya jozi moja yana mzunguko sawa. Namba inaweza kusema sawa na kamba ikakataa. Kamba ndiyo iliyokuwa na neno la mwisho, baada yake anafuata Mzee Mrisho.

Wateja ndio waliotutia wazimu. Bucha mmoja wa mjini alikuwa na Volkswagen ya mgongo wa kobe, ya zile za zamani zenye matundu matano. Akapata mahali magurudumu mazuri ya Volkswagen mpya zaidi, matundu manne, na manne yenyewe yamekaa karibu karibu. Tukamwambia hayaingii. Akatusihi tumtobolee la tano. Mzee Mrisho akamjibu kwa upole kwamba na yeye angependa siku moja aende buchani akiwa na mguu wa mbuzi, ashonewe kwenye ng’ombe wake. Bucha alinuna kwa muda, lakini nyama aliendelea kutuuzia.

Ikaja miaka ya Ujamaa, watu wakahamia vijijini, na matairi nayo yakahamia sijui wapi. Tairi jipya lilitaka kibali, kibali kilitaka mtu, mtu alikuwa safarini. Watu walituletea chochote chenye mduara. Tulipokea rimu za trekta, tairi za tela, na siku moja mzee wa kanisa wa Moravian, mtu mstaarabu kabisa, alitubembeleza tujaze makapi ya mpunga ndani ya tairi kwa kuwa tyubu haikupatikana. Tulijaza. Alifika kwake, ingawa kuku walimfuata njia nzima.

Sasa nimlete Ndahani. Huyu alikuwa Mgogo, dereva wa Landrova ya zahanati katika kijiji kimoja cha ujamaa, Ipembelo, barabara ya kwenda Nzega. Mnajua utani wetu na Wagogo, ila nawaona vijana wa leo mnaufanya kwa kuchungulia. Zamani babu zetu walibeba mizigo kwenda pwani, wakapita Ugogo, na Wagogo wakawatoza hongo ya njia na ya maji. Ugomvi ukazeeka ukawa utani. Mtani anaweza kukutukana mbele ya wakwe zako, na anaweza kuchukua kitu chako. Akikichukua huna pa kushtaki. Unakikomboa kwa kuku, au unacheka, au vyote viwili. Ila achukue mchana, na aache kitu chake pale pale, ijulikane ni mtani na si mwizi.

Ndahani alikuwa bingwa. Hakuwahi kuingia karakana bila kupiga kelele kuanzia getini, akiwaita watumwa wa babu yake watoke wamlipe maji waliyokunywa. Aliwahi kuondoka na kiti cha Mzee Mrisho mzee akiwa amesimama kuswali, akakiachia ndala moja. Mzee naye alipokwenda kukikomboa alirudi na kiti pamoja na sufuria la wenyewe. Hawa wawili walipendana sana, na kama ungewaambia hivyo wangekupiga.

Siku moja mwishoni mwa kiangazi, mawingu yameanza kukusanyika, Ndahani akaingia getini kimya. Alikuja kwa lori la watu. Alimwendea Mzee Mrisho, akavua kofia, akasema shikamoo mzee. Karakana yote ikaangua kicheko, tukajua leo kuna kubwa. Mzee hakuitika, alitazama nyuma yake kuona nini kimekwisha kuchukuliwa. Ndahani akasema amekuja kuomba magurudumu. Landrova ya zahanati ilikuwa imepasuka matairi mawili, na mkewe Sechelela alikuwa anakaribia kujifungua. Uzazi wa kwanza alipasuliwa na mtoto hakupona. Nesi wa zahanati, Veronika, alisema safari hii lazima azalie hospitali Tabora, na mvua ikianza mbuga ya Ipembelo haipitiki ila kwa gari la kuvuta magurudumu yote manne.

Mafundi walikuwa wanafuta machozi kwa kucheka. Mmoja alimwambia aanze kwa kumleta huyo mkewe rehani, kisha amkomboe kwa kuku. Ndahani alisimama akiwa ameshika kofia, akangoja tumalize. Hakutukana mtu. Akasema haya wazee wangu, nimesikia, akatoka, akakaa kwenye jiwe nje ya geti.

Mzee Mrisho aliacha kucheka kabla yetu. Alitazama geti, kisha akasema, “Mgogo kaniamkia na kwenye maneno yake hakuna tusi hata moja. Huyu ana msiba. Mwiteni.”

Nilimfuata mimi. Nilimkuta analia, mtu mzima, bila kujificha. Niliona aibu ambayo mpaka leo sijui niiweke wapi. Nikamshika mkono nikamrudisha ndani, na safari hii hakuna aliyecheka.

Tukaingia stoo. Kulikuwa na magurudumu mawili tu ya Landrova, ya ile fupi, tairi za 600 kwa 16. Gari la Ndahani lilikuwa refu, la 750 kwa 16. Matundu matano kwa matano, na Ndahani akayarukia, akasema yaingie mbele basi, mradi gari litembee. Mzee Mrisho akamkatalia. Alimweleza taratibu kwamba kwenye mbuga atalazimika kufunga kuvuta kote, na ukifunga, mbele na nyuma vinazungushwa pamoja. Matairi madogo mbele na makubwa nyuma yangegombana kila hatua, na cha kwanza kuvunjika kisingekuwa tairi, bali ekseli, katikati ya maji, mgonjwa yuko nyuma. Ndahani akauliza kama mawili yaliyobaki kwake ni mazuri angalau. Akajijibu mwenyewe kwamba yamekwisha upara.

Uani kwetu palikuwa na Landrova ndefu moja. Ilikuwa ya Bwana Maganga, afisa wa mkoa, mtu mzito, mwenye sauti ya kutetemesha vikombe. Gari lilikuwa linangoja gia boksi kutoka Dar es Salaam, na gia boksi ilikuwa inangoja watu wa Dar es Salaam. Lilikuwa na matairi mapya manne, 750 kwa 16, ambayo kila asubuhi Bwana Maganga alimtuma tarishi kuja kuyatazama. Tulikuwa tumeonywa kwamba atakayeyagusa ataeleza mbele ya sheria, ni mali ya umma. Kumwendea kumwomba haikuwezekana, alikuwa wilayani mpaka kesho yake.

Mzee Mrisho alilitazama gari lile, akamtazama Ndahani, kisha akaanza kusema kwa sauti ya kuhutubia, kana kwamba hajui tunamsikia. Alisema fundi akifungua gurudumu la mteja bila ruhusa, huyo ni mwizi, na yeye hana mwizi katika kona yake. Alisema pia kwamba Bwana Maganga amezaliwa Nzega, baba Mnyamwezi, mama Mnyamwezi, na kwamba mchana ulikuwa bado mweupe. Mwisho akasema anakwenda kuswali, na sala ya leo itakuwa ndefu kidogo.

Ndahani alielewa. Akaniomba spana ya magurudumu. Mimi nikaiangusha chini, kwa bahati mbaya, karibu na miguu yake.

Alifungua mawili. Alipokuwa anayaviringisha kuelekea getini, Mzee Mrisho akatoka msikitini kwake pale nyuma ya stoo, kamba ya katani mkononi. Hakuweza kujizuia, kazi ni kazi. Akasema mawili mapya pamoja na mawili yenye upara hayalingani, kamba itakataa, na upara hauna meno ya kushika tope. Akarudi ndani kumalizia sala. Ndahani akarudi akafungua mawili mengine. Gari la Bwana Maganga likabaki juu ya mawe, limeinamia pembeni kidogo.

Nikamuuliza Mzee kupitia dirishani, na la akiba je?

“La akiba ni wizi,” akasema. “Mwambie aache kofia.”

Ndahani akaweka kofia yake juu ya boneti, akaigandamiza kwa jiwe dogo upepo usiichukue. Tukapakia magurudumu kwenye lori la chumvi lililokuwa linakwenda Nzega, nami nikapanda nayo, kwa sababu Mzee alisema Mgogo hajui kukaza nati, anazikaza kwa kuzunguka kama anayekoroga ugali. Nati, wanangu, hukazwa kwa kuvuka: moja hapa, ya pili ng’ambo. Nimewaambia hili mpaka mkachoka, na bado juzi nilimwona mtu akizunguka.

Ipembelo tulikuta Landrova chini ya paa la zahanati, na Sechelela amekaa kivulini akisukwa nywele. Alinisalimia vizuri, akaniuliza habari za mji, lakini mikono yake haikutoka tumboni. Nilipima kina, nikasugua kitovu cha ekseli kwa gunia, nikafunga yote manne, nikapaka chaki, nikapinda usukani kushoto na kulia. Chaki ilibaki kwenye tairi. Sijawahi kuifurahia chaki namna ile. Mvua ilianza tunapokula.

Asubuhi uchungu ukamshika, mapema kuliko nesi alivyodhani. Tukamlaza nyuma juu ya magodoro, Veronika kando yake, mimi mbele na Ndahani. Mbuga ilikuwa imekwisha kuwa uji mweusi. Ndahani akafunga kuvuta kote, akaingia polepole, akizungumza na gari kwa Kigogo. Lori la pamba lilikuwa limezama upande wetu wa kushoto, watu wake wamekaa juu ya marobota wakitutazama kama tunaokwenda kuwafuata. Mara mbili tulikwama nikajua basi tena. Mara mbili yale matairi manne yakauma pamoja, mbele na nyuma, hakuna anayemvuta mwenziwe, yakatutoa. Nyuma Sechelela hakulia hata mara moja, na hilo ndilo lililomtisha Veronika. Tulipopanda changarawe ya upande wa pili Ndahani aliendesha sawasawa mpaka hospitali. Wakamchukua moja kwa moja chumba cha kupasulia.

Tukakaa barazani. Saa za hospitali mnazijua, hazipimwi kwa saa ya ukutani. Mara nikasikia sauti ya kutetemesha vikombe inauliza getini gari la Ipembelo liko wapi. Bwana Maganga alikuwa amerudi, amefika karakana, amelikuta gari lake juu ya mawe. Mzee Mrisho alimwambia maneno machache tu, kwamba mtani wake kapita, kwamba kamwachia kofia, na kwamba magurudumu atayakuta hospitali kwenye gari la Ipembelo. Sasa alikuja ameishika ile kofia, amebadilika rangi, na tarishi nyuma yake, na nyuma ya tarishi watu wa mjini wasio na kazi.

Aliyatazama magurudumu yake, yamejaa tope jeusi mpaka kwenye nati. Akapanda barazani. Ndahani alisimama mbele yake mikono chini, na hapo ndipo nilipoogopa kweli. Mtani aliyechukua anatakiwa kucheka na kutukana. Akisimama vile, kichwa chini, ni mwizi aliyekamatwa, na kulikuwa na watu wa kutosha kutoa ushahidi.

Kabla mtu hajasema, mlango wa ndani ukafunguliwa. Veronika akatoka, amelowa jasho, akasema kwa Ndahani peke yake kana kwamba sisi hatupo: mama mzima, mtoto mzima, wa kiume, na analia kwa kelele mbaya sana.

Ndahani alikaa chini pale pale sakafuni. Alilia, akacheka, akalia. Kisha akageuka, akaikamata miguu ya Bwana Maganga, viatu vya ofisi vile vinavyong’aa, akaanza kusema, Mheshimiwa, Mungu akubariki, Mheshimiwa, mimi na mke wangu hatutasahau.

Bwana Maganga alimwinamia haraka. Nilikuwa karibu, nilimsikia, na nadhani ni mimi peke yangu niliyemsikia.

“Inuka, wewe. Ukinishukuru, maana yake nimekupa mali ya umma, tutafungwa wote wawili. Nitukane. Nitukane sasa hivi, watu wanatazama.”

Ndahani alimwangalia kwanza kama haelewi lugha. Kisha akainuka. Akajifuta uso kwa mkono wenye tope, akavuta pumzi, akaichukua kofia yake mikononi mwa mkubwa, akaivaa upande.

“Mnyamwezi gani wewe!” akapaza sauti, baraza zima likageuka. “Babu yako alibeba pembe ya babu yangu kutoka hapa mpaka Bagamoyo kwa miguu, mzigo kichwani, na maji akaomba kwetu. Wewe kutoka ofisini mpaka hapa tu, unataka magurudumu manne! Toka, nenda kwa miguu, na kuku umlete mwenyewe, mnono, mzazi anataka supu!”

Kicheko kilichopigwa pale kiliamsha wagonjwa. Bwana Maganga alisimama akingoja kimalizike, uso umekunjamana, akijitahidi asicheke na yeye. Akamwambia Ndahani kwamba Wagogo wameanza kwa kuuza maji, wakaja kwenye magurudumu, na siku moja wataondoka na reli. Kisha akashuka ngazi, akalipita gari bila kulitazama, akaenda zake kwa miguu kuelekea sokoni, upande wa wauza kuku.